Maneti Inatafuta Mwenzake

Rugenge, Uvira, tarehe 3 Machi 2024

Mdogo wangu Noella,

Pokea salamu za nyumba hii, ambayo bado imesimama. Kaka yetu Azarias anakusalimu. Goti lake limevimba tena lakini mdomo wake ni mzima kabisa, hata jana alimgombeza mchungaji kwa sababu ya mahubiri marefu. Ziwa linapanda. Kule Kalundu maji yameingia kwenye maghala ya samaki na wapakuaji wanabeba mizigo wamekunja suruali hadi mapajani. Pétronille wa kwaya ameolewa hatimaye, na mume ni mfupi kuliko yeye. Ungekuwepo tungecheka pamoja. Mume wako Pierre anaendeleaje?

Najua unashangaa kupata karatasi badala ya simu. Simu nimeizima nikaiweka sandukuni. Kila ikilia nadhani ni Irakoze, na kila mara ni mtu wa kunipa pole. Nimechoka kupewa pole ya mtoto ambaye hakuna aliyeniambia kwamba amekufa. Boti lilizama mwezi wa kwanza, mbele ya Ubwari, hilo nalijua. Wako waliookolewa na wavuvi, wako waliotolewa majini wakazikwa. Mwanangu hayumo huku wala kule. Watu wanasema wavuvi wengine walikuwa wa ng'ambo, upande wa Tanzania, na kwamba waliwachukua watu wakaenda nao. Uliniahidi utauliza hospitali za huko Kalemie, na utamtuma mtu Kigoma. Umeuliza?

Barua zangu atazileta Thaddée, baharia tunayesali naye. Huyo hapotezi kitu.

Sasa neno langu. Unakijua chumba cha mbele, kile Irakoze alichokifanya cha michezo, na ile kompyuta yake kubwa ya mezani. Tangu aondoke kimefungwa. Vijana wa mtaa wanapita, wanaangalia mlango, wanapita. Nimeanza kuona nyumba bila kelele za mpira wa kwenye kioo cha kompyuta ni kama nyumba ya watu waliohama. Nataka kukifungua. Lakini maneti ya waya, ile ya kushika mikononi na kubonyeza unapocheza, alikwenda nayo pamoja na kompyuta yake ndogo, alipopanda boti ya kuja kwenu. Imebaki ile nyeusi isiyo na waya, aliyoisahau kwenye chaji asubuhi ya safari. Kila siku naichaji. Nikibonyeza kitufe cha katikati, taa yake inawaka na kuzima, inawaka na kuzima, na kwenye kioo hakitokei kitu. Muulize mwanao Achille, yeye na Irakoze ndio walikuwa wanapanga kufungua chumba kingine huko kwenu. Inaunganishwa vipi?

Dada yako,
Gloriose


Kalemie, tarehe 9 Aprili 2024

Yaya Gloriose, dada yangu mpendwa,

Barua yako imefika, imelowa kidogo pembeni lakini inasomeka. Namshukuru Mungu kwa kukuweka. Hapa kwetu Pierre bado hawezi kusimama. Upande wa kushoto haumsikilizi tangu ule ugonjwa wa mwezi wa pili, na chakula namlisha kwa kijiko. Saa nyingine ananitazama kama mtu anayetaka kuomba radhi. Siwezi kutoka nyumbani hata kwenda sokoni bila kumwachia mtu. Binti yetu Divine anajitahidi, lakini naye ana shule. Hapa pia ziwa limekula barabara ya chini. Nimecheka peke yangu jikoni kwa habari ya mume wa Pétronille.

Achille amefurahi kuulizwa. Amesema hivi, nami naandika anavyosema, amesimama nyuma yangu: "Mama mkubwa ashike kile kitufe cha katikati, akibane, asiachilie mbio. Taa itapepesa haraka haraka. Hapo iko natafuta mwenzake. Kisha kwenye mashini aingie pa bluetooth, aangalie kama inaona jina mupya, alibonyeze. Mashini ikikataa, ajaribu na telefone ya Luc, ule rafiki ya Irakoze, simu nyingi zinakubali maneti." Ameongeza kwamba maneti za namna hiyo, kila zikiwashwa, kwanza zinamwita yule ziliyemzoea. Zikimpata, taa inatulia. Zisipompata zinaendelea kupepesa mpaka zichoke.

Kuhusu hospitali, Yaya, bado tunauliza. Tafadhali kula vizuri, na dawa zako za tansiyo, zile za presha, usiziache.

Mdogo wako,
Noella


Rugenge, tarehe 26 Mei 2024

Noella,

Salamu kwako, kwa Pierre, kwa Divine, na kwa mwalimu wangu Achille. Huku maji yamefika barabarani. Majirani wa chini wamehamia kwenye darasa la shule. Mimi nimepandisha kompyuta juu ya kabati na kuifunika kwa kitenge. Azarias alitaka niihamishe kwake. Nikamwambia mwenye mali akirudi ataikuta pale alipoiacha.

Nilifanya yote. Nilibana kile kitufe mpaka kidole kikafa ganzi. Luc, jirani yetu aliyekuwa anacheza na Irakoze kila Jumamosi, alikuja na simu yake. Simu iliona visikilizio vya dada yake, ikaona redio ya jirani, ikaona hata kitu kinachoitwa "Papa Gwiza" ambacho hatujui ni nini. Maneti yetu haikuiona. Kompyuta nayo, kimya. Luc akakuna kichwa, akasema labda ni ya aina nyingine. Taa ikaendelea kupepesa mkononi mwangu.

Lakini nitakuambia kitu, na usinicheke. Sikuhuzunika. Nilikaa na neno la Achille: inatafuta mwenzake. Nikawaza, kama mwenzake angekuwa ameharibika kabisa, si ingenyamaza? Mtu hamwiti asiyekuwepo. Mahali fulani ile kompyuta ndogo aliyosafiri nayo ipo, na kama ipo, aliyeibeba yupo. Sasa kila asubuhi naiwasha kabla ya chai. Naitazama inavyopepesa, halafu naweza kufagia.

Azarias ananisumbua. Anasema nyumba haiwezi kukaa hivi, si ya kilio wala si ya furaha. Anataka tuketi matanga. Nikamjibu: nani aliyeona? Yeye mwenyewe anajua kwamba kwetu mkeka wa matanga hautandikwi mpaka aje mtu aliyeona, aingie, aseme kwa kinywa chake. Hana mtu wa namna hiyo. Akaomba maji ya kunywa.

Muulize Achille jambo moja tu: mwenzake akiwa amezimwa lakini ni mzima, je, maneti inajua?

Dada yako,
Gloriose


Kalemie, tarehe 14 Julai 2024

Yaya,

Nisamehe kwa kuchelewa. Thaddée alipita mara mbili nikamwambia barua haiko tayari. Pierre amesema neno lake la kwanza zima, amesema "chumvi", na nyumba nzima tulipiga makofi. Divine amefaulu.

Achille anasema maneti hiyo si ya bluetooth, ndiyo maana simu ya Luc haikuiona. Inatumia kidude chake cha USB, kidogo kama ukucha wa kidole gumba. Kidude kikichomekwa kwenye kompyuta yoyote, hizo mbili zinatambuana zenyewe, hakuna haja ya kubana kitu. Bila hicho haiwezi kuungana na chochote. Na haijui kitu, Yaya. Inapepesa kwa sababu imewashwa, basi. Ingepepesa hivyo hivyo hata mwenzake angekuwa wapi.

Nakuomba uache kuichaji kila siku, utaharibu betri. Iweke mahali pazuri. Funga chumba, au kifungue ukae humo na wanawake wa kwaya, muimbe. Maneti nyingine zinauzwa hapa. Achille atakununulia mpya yenye waya.

Ni mimi, Noella


Rugenge, tarehe 11 Agosti 2024

Noella,

Salamu. Tuko wazima.

Sikukuomba maneti mpya.

Habari ya kidude imenifungua macho, na nimecheka mpaka nikalia, nikalia mpaka Azarias akaja mlangoni na fimbo yake. Nakukumbusha, Irakoze alikuwa anapenda kucheza nami baada ya chakula cha mchana, kabla vijana hawajaja. Yeye anashika ya waya, mimi ananipa hii nyeusi. Ninabonyeza kila kitu kwa nguvu zangu zote. Yeye anapiga kelele: "Bao, Mama! Weye uko hatari!" Nikimuuliza kwa nini taa inapepesa, ananijibu: "Iko inahesabu mbio zako, Mama." Nami nikawaringia wanawake wa kanisani kwamba ninamfunga mwanangu kwenye kompyuta. Kidude kile nakijua vizuri. Alikipaka nukta nyekundu kwa verni yangu ya kucha, bila ruhusa, ili kisichanganyike na vingine. Kumbe kila tulipocheza na taa ikipepesa, kilikuwa mfukoni mwake. Sikuwahi kuunganishwa. Miaka yote ile alikuwa anacheza peke yake kwa mikono miwili na kunishangilia mimi. Mjinga yule. Nimetamani kumpiga kofi moja na kumkumbatia.

Sasa nisikilize. Nimekuuliza habari za hospitali katika kila barua ya moyo wangu, hata pale ambapo sikuandika. Unanijibu chumvi ya Pierre. Namshukuru Mungu kwa hiyo chumvi, lakini mimi nina mtoto. Kama huwezi kuuliza, nitauliza mwenyewe. Mwezi ujao napanda boti na Thaddée. Nitafika kwako, kisha navuka Kigoma, naingia kijiji kwa kijiji nikiwa na picha yake na maneti hii. Daktari amekataa, anasema tansiyo yangu haiwezi safari ya ziwa. Daktari hakunizalia mtoto.

Gloriose


Kalemie, tarehe 1 Septemba 2024

Yaya yangu,

Usipande boti. Nimepiga magoti hapa ninapoandika. Usipande.

Ndani ya karatasi hii, kwenye kipande cha sabuni nilichokikata na kukitoboa ili kisipotee, kuna kitu. Kitoe, kifute. Utakitambua kabla hata ya kukichomeka.

Sitaandika neno lenyewe. Wewe ndiye uliyenilea na unajua kwetu neno la namna hiyo haliandikwi wala halipitishwi kwenye simu. Linatembea kwa miguu ya mtu. Baba alipotutoka, wazee walitembea siku nzima kumwambia Azarias, na njiani walikataa hata kusalimiana na watu ili lisiwatoke midomoni. Mimi nilipaswa kuja mwenyewe. Pierre hakuweza kubaki bila mimi, na aliyeona hakuweza kusafiri. Mguu wake ulivunjika, ukafungwa vibaya, ikabidi uvunjwe upya. Na akisikia jina la boti anatetemeka mwili mzima. Nikasema nisubiri apone. Kila barua yako ilikuwa inaniambia kwamba unangoja, na kila mara niliketi na kalamu nikaandika habari za Divine.

Anaitwa Mukabalisa, ni mama wa Rurambo, kule milimani, tulimkuta hospitali ya hapa. Sasa anatembea. Ameondoka jana kwa njia ya nchi kavu, pamoja na Achille, wanapitia Fizi na Baraka, wakipanda lori wanapolipata. Amebeba bidoni, lile dumu la plastiki la Irakoze, na kitu hicho kilitoka humo. Mfungulie mlango. Mwache aseme yeye.

Kama unanichukia, nichukie ukiwa nchi kavu.

Noella


Rugenge, tarehe 20 Oktoba 2024

Noella,

Salamu kwako na kwa Pierre. Mwambie namsubiri aseme jina langu, nisizidiwe na chumvi. Achille amefika salama, amekonda, anakula vizuri. Maji ya ziwa yameanza kurudi nyuma, yameacha matope na ndala zisizo na wenyewe. Darasa la shule limepata wanafunzi wake.

Thaddée alinipa sabuni yako akageuka haraka bila kusubiri chai. Nikajua. Niliikata kwa kisu cha jikoni, nikaiona ile nukta nyekundu. Verni yangu ilikuwa imebanduka upande mmoja. Sikukichomeka. Nilikifunga kwenye ncha ya kitenge, nikakaa nacho, nikapika, nikaenda kanisani nacho. Sikumwambia mtu. Hata Azarias hakujua. Maneti sikuiwasha tena asubuhi.

Mukabalisa alifika saa ya mchana, anachechemea, na bidoni ya manjano kichwani. Alisimama nje ya uzio, hakutaka kuingia. Unawajua watu wa huku na maneno yao juu ya watu wa milimani. Wanawake wawili walishaanza kunong'ona. Nilitoka mwenyewe nikamshika mkono, nikamketisha kwenye kiti cha Irakoze. Azarias aliitwa, na wazee, na mchungaji. Kisha akasema. Nakuandikia maneno yake kama alivyoyatoa, kwa sababu nataka yakae mahali:

"Minye nilitoka kwetu kwenye ng'ombe, sikuyue kuogelea. Boti ilipopinduka nilishika nguo ya muntu, ikapasuka. Ule kijana alikuwa na bidoni yake, ameikumbatia, iko inamubeba. Akaniona. Akaisukuma kwangu. Akasema: 'Mama, kamata hii, usiiachilie. Minye niko mutoto wa maji, nitaogelea.' Aliogelea, mama. Aliogelea sana. Kichwa chake nilikiona, kisha wimbi, kisha nilikiona tena. Kisha sikukiona. Wavuvi walinikuta ningali nimeshika. Walitaka kunitoa bidoni mikononi, nikakataa."

Hakuna aliyenong'ona tena. Azarias alivua kofia.

Bidoni ile namwona mwanangu akiitengeneza pale uani. Alikata bega la bidoni, akaingiza kompyuta ndogo ndani ya mifuko mitatu ya plastiki, akaziba kwa plastiki aliyoiyeyusha na mipira ya baiskeli. Nilimcheka. Nilimwambia anafunga mzigo kama anayesafirisha maiti ya mfalme. Akasema, "Mama, hii haizami." Haikuzama kweli.

Tukatandika mikeka. Chumba cha mbele kilifunguliwa, maana hatuna kingine kikubwa, na wanawake walilala humo chini ya ile kompyuta yenye kitenge. Mukabalisa alilala ubavuni mwangu. Usiku mguu ulikuwa unamuuma, mimi ndiye niliyemkanda. Nimelia, Noella, nimelia kile kilio nilichokuwa nimekinyima nafasi tangu mwezi wa kwanza. Kiliniumiza kifua, na kilipoisha niliweza kula.

Siku ya kuondoa matanga, wengine walipomaliza kunyoa na kuoga, vijana wa mtaa walikuja wakasimama uani, wamevaa mashati yao mazuri, hawajui waweke wapi mikono. Nikamwambia Luc ashushe kompyuta. Achille akaunganisha nyaya. Kutoka ndani ya bidoni akatoa maneti ya waya, kavu kabisa, akampa Luc. Mimi nikafungua ncha ya kitenge changu, nikachomeka kidude mwenyewe. Nikabonyeza kitufe cha katikati cha ile nyeusi.

Ilipepesa kidogo. Kisha taa ikatulia.

Nilikaa nikiitazama. Mwezi baada ya mwezi niliomba itulie, na ilipotulia nilitaka ipepese tena. Achille akasema polepole, "Mama mkubwa, iko tayari. Sukuma hapo." Nikasukuma, na kule kwenye kioo mtu mdogo mwenye jezi nyekundu akakimbia. Nikasukuma upande mwingine, akageuka. Alikuwa ananisikiliza mimi, Noella. Nikasukuma huku na huku, na yule mtu akawa anayumba kama mlevi. Vijana hawakucheka. Nikawaambia wacheke, hiki ni chumba cha michezo. Nilibonyeza kila kitu kwa nguvu zangu zote kama zamani, mpira ukaenda nilikotaka na nisikotaka, ukaingia wavuni. Lilikuwa goli letu wenyewe, nimejifunga. Luc alisimama, akasema: "Bao, Mama."

Chumba nimewaachia vijana, Luc ndiye atakayeshika ufunguo. Mukabalisa anakaa kwangu mpaka mguu upone. Nimekukasirikia na bado nimekasirika kidogo, lakini ningekuwa wewe sijui ningefanya nini. Simu nimeitoa sandukuni, unaweza kunipigia siku ya Jumapili.

Miaka yote alinishangilia kwa mabao ambayo sikuyafunga. Hili nimelifunga kweli, na yeye hakuliona.

Dada yako,
Gloriose